Haya Tano za Ishbel

Ishbel Geddes wa Hawick alivuka mpaka kwenda Carlisle, upande wa Uingereza, kuomba ukarani. Kwao Uskoti mtihani wa kumaliza shule huitwa Higher, nao huutamka Haya, naye alifaulu masomo matano. Ofisini, jitu zima la Kiingereza lililomsaili likavipindua vyeti vyake kama linachagua samaki waliooza.

“Binti, A-level ziko wapi? Hapa tunataka tatu.”

“Kwetu hakuna hizo, bwana. Tuna Haya. Ninazo tano.”

“Hizo si za watoto wa shule tu?”

“Kwani za kwenu wanafanya wazee wa kanisa?”

“Rudi ukasome, mama, ndiyo uje kuomba kazi.”

Ishbel akavikusanya vyeti vyake, uso umemwiva kwa hasira.

“Mimi Haya ninazo tano. Wewe huna hata chembe!”

Akapanda basi la Hawick. Kazi yao wakabaki nayo.