Fundi Haloo na Simu za Kliniki

Walimwita Fundi Haloo kwa sababu kila alipomaliza kufunga simu mahali, alizunguka meza hadi meza akiita, "Haloo, haloo, unanipata?" Ofisi ndogo zilimpenda. Alichukua kompyuta kuukuu, akaiwekea programu huria ya kuunganisha simu, ile ambayo mtu yeyote ana ruhusa kuitumia na kuirekebisha bila kumnyenyekea mwenye kampuni, na simu sita za mezani zikaanza kuitana kama za hoteli kubwa.

Kisha sikio la kushoto likaanza kumgomea. La kulia likafuata. Kwa miezi alijitia hamnazo. Watu walipomsemesha alisoma midomo, wakicheka naye akacheka. Ila simu haina midomo.

Siku moja dada wa mapokezi wa kliniki ya meno akamtumia ujumbe aje.

"Shikamoo, fundi. Wagonjwa wanasema sauti inakatikakatika, kama tunaongea tukiwa ndani ya pipa."

Fundi akapitia kumbukumbu za simu kwenye kompyuta, mstari kwa mstari. Hakuona kasoro. Akabadilisha waya, akazima, akawasha.

"Nenda chumba cha daktari unipigie. Hesabu moja mpaka kumi."

Taa ya simu ikawaka. Akaubana mkono wa simu sikioni, akahesabu kichwani mpaka kumi.

"Safi kabisa!" akapaza sauti. "Nimekupata yote!"

Dada akarudi, uso umemshuka. Akasimama mbele yake, akasema polepole ili midomo ionekane: "Baba, sikuhesabu. Nilinyamaza. Nilitaka kuwa na hakika."

Fundi akakosa pa kuuficha uso.

Daktari wa masikio alimwambia mishipa imekufa, hakuna dawa. Kifaa cha kusikia alichopewa avae sikioni kilipiga mluzi kila aliposogeza simu. Mkewe akajitolea kumsikilizia. Wakaenda ofisi mbili, mume anafunga, mke anasikiliza. Lakini mama wa watu hakujua mwangwi ni upi na mkwaruzo ni upi, na wenye ofisi wakaanza kutazamana. Mmoja mmoja wakatafuta mafundi wengine, bila hata ugomvi.

Mwisho kliniki nayo. Alikwenda mwenyewe kuichomoa kompyuta yake chini ya meza. Dada wa mapokezi akainama kumsaidia kuviringisha waya, amempa mgongo. Fundi akaona taya lake likicheza: alikuwa akisema kitu, kirefu.

"Asante, mwanangu," akajibu, bila kujua anashukuru nini, akabeba kompyuta yake akatoka.