Kocha wa Waru FC

Kila asubuhi baba yangu hutoka nyumbani kwetu Kivumbini akiwa amebeba kisanduku chake cha vifaa. Njia fupi ya kwenda kwenye karakana anakochomelea milango na madirisha inakata katikati ya uwanja wa mpira. Yeye haipiti. Huzunguka nyuma ya kanisa, akafuata mtaro wa maji machafu, akatokea upande wa pili. Mvua ikinyesha, matope humfika kwenye vifundo vya miguu, na bado huzunguka. Jioni hurudi vivyo hivyo.

Jina lake ni Makhanu. Babu alikuja Nakuru kutoka Bungoma kufanya kazi ya reli, na baba akazaliwa katika nyumba za reli. Hakuwahi kuwa mchezaji wa maana. Aliumia goti akiwa kijana, akabaki kusimama kando ya uwanja na kupiga kelele, hadi watu wakaona ni heri wamfanye kocha. Timu ilikuwa Injini FC. Ilianzishwa na mafundi wa reli, na baadaye ikawa ya vijana wa mtaa waliokuwa vibarua viwandani. Jezi zao zilikuwa za rangi ya machungwa. Kikombe walichoshinda zamani kilikaa juu ya televisheni yetu, kimefunikwa kitambaa cha kufuma, na mgeni yeyote alilazimika kukishika.

Mwaka wa 2013 Injini walibakisha mechi moja wapande daraja. Mechi hiyo ilikuwa Kuresoi. Nilikuwa darasa la saba, na sikwenda. Niliyoyajua niliyajua kwa maneno ya watu na kwa video.

Vijana waliondoka alfajiri kwa lori lililokuwa linapeleka magunia matupu huko juu kwenye mashamba ya viazi, ambavyo sisi tunaviita waru. Walifika wakitetemeka kwa baridi. Huko wenyeji huwapikia wageni kabla ya mechi, na timu zilizozoea hushukuru sana, zikaomba chakula kiwekwe hadi mpira uishe. Baba alilijua hilo kuliko mtu yeyote. Sheria yake ilikuwa chai ya rangi tu kabla ya kucheza, na aliwahi kumweka nje mshambuliaji wake bora kwa sababu ya chapati moja.

Siku hiyo akina mama wa Kuresoi, wakiongozwa na mmoja aliyeitwa Chepkemoi, walileta masufuria ya waru zilizochemshwa, kabeji, na maziwa lala ya kibuyuni. Baba aliangalia masufuria, akawaangalia wachezaji wake, akasema, "Haya, kuleni."

Wakala. Wakaongezewa, wakala tena.

Walifungwa mabao tisa bila jibu. Katika video, beki wetu anatembea kama mama mjamzito, na kipa wetu, Obura, ameinama kando ya mlingoti akitapika huku mpira ukipita nyuma yake. Anayerekodi anacheka hadi simu inatikisika. Kabla lori halijafika Nakuru, video ilikuwa imefika.

Wenyeji waliwapa zawadi ya gunia moja la waru, na lori likalishusha mlangoni petu, majirani wakiona. Kesho yake likawa limekwisha. Nilidhani baba ameliuza, na mtaa mzima ulidhani hivyo. Ikasemekana Makhanu ameuza mechi kwa gunia la waru.

Baada ya hapo kila Injini walipoingia uwanjani watu waliimba, "Waru! Waru!" na kuwarushia maganda. Vijana waliaibika, wakaanza kuondoka mmoja mmoja. Wengine walijiunga na timu za Lanet, wengine wakaacha mpira kabisa. Kabla mwaka haujaisha hakukuwa na Injini FC. Shuleni niliitwa Binti Waru. Nilijifunza kukaa maktaba wakati wa mapumziko. Baba alikitoa kikombe juu ya televisheni, na sikukiona tena. Hakuwahi kujitetea. Kunyamaza kwake nilikuchukulia kuwa ni kukiri.

Mwaka huu kijana mmoja wa mtaa, Travis, aliandaa mashindano, akataka makocha wa zamani wakae hemani kama wageni wa heshima. Alikuja karakanani nikiwa nimempelekea baba chakula.

"Mzee, niaje? Jumapili tunakutaka kwa hema."

"Mimi siendi huko," baba alisema, bila kuinua kofia ya kuchomelea.

"Ah, mzee, hiyo story watu walisahau kitambo!"

Jumamosi Obura mwenyewe alikuja nyumbani. Sasa ana tumbo na watoto, na anaishi Lanet. Hakuketi. "Kocha, ukikosa kuja watasema ni kweli uliuza. Twende tu. Nitakaa na wewe."

Basi akaenda. Alivaa koti lake la harusini na akaniomba nimsindikize. Nilikubali kwa shingo upande, kwa kuwa nilijua jinsi watu watakavyotutazama. Kwa mara ya kwanza tangu utotoni nilimwona akikanyaga nyasi za ule uwanja.

Travis alikuwa na kipaza sauti. Aliwataja makocha mmoja mmoja, watu wakapiga makofi. Alipofika kwa baba alitua kidogo, na nikajua.

"Na huyu ni Kocha Makhanu, wa Injini… ngoja, ngoja… wa Waru FC! Mzee, leo umekula ama tukuletee sahani?"

Uwanja mzima ulilipuka. Mtu akapaza sauti nyuma yetu, "Gunia liko wapi, kocha?" Kiazi kibichi kiliruka kutoka kwenye umati, kikabiringika hadi kwenye kiatu cha baba. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nilisogeza kiti changu kidogo, mbali na chake. Obura, upande wa pili, alifungua mdomo. Baba akamwekea mkono kwenye goti, na Obura akafunga mdomo, akainamisha kichwa, machozi yakimlengalenga. Baba alisimama, akavua kofia, akawapungia watu wale waliokuwa wakicheka, akaketi. Alikaa hadi mechi ya mwisho.

Tulirudi nyumbani. Mimi si mtu wa kuuliza maswali. Hata chuoni nilipita bila kuinua mkono darasani. Lakini nilikuwa nimeuona ule mkono juu ya goti la Obura. Tulipofika mlangoni, nilimuuliza.

"Baba, kwa nini siku ile ya Kuresoi uliwaruhusu kula?"

Alikuwa akihangaika na kufuli. Alijibu bila kugeuka.

"Walikuwa na njaa, mama. Kiwanda hakikuwa kimeita vibarua mwezi mzima. Obura hakuwa ametia kitu tumboni tangu siku iliyotangulia, na hakuwa peke yake. Hata lile gunia waligawana usiku. Sasa, hayo ningewatangazia watu?"