Usimfukuze Anayekuja Kukufuta Jasho

Mwanangu, siku ile ya harusi kule Bumula naikumbuka vizuri, na hadi leo damu inanichemka.

Nilikuwa kijana wa Matisi, Kitale, kichwa kimenivimba kwa sababu ya kinanda cha hewa, hiki hiki ninachokufundisha. Hakiguswi. Unasogeza mkono karibu na antena yake, sauti inapanda, unaurudisha, inashuka. Mzee Kalasinga mmoja, fundi wa redio mjini, ndiye aliyenionyesha kukitengeneza, na alinionya kwamba kinausikia mwili wowote unaokaribia. Lakini yeye hakuzijua harusi za kwetu. Mimi nilizijua.

Kwetu mpiga muziki akilowa jasho, mama mmoja huinuka na leso kumfuta. Ndiyo heshima yake. Basi wimbo ulipokolea, Kukhu, nyanya yangu aliyenilea, akaja akicheza, leso mkononi. Alipofika karibu, kinanda kikapiga yowe kama mbuzi. Watu wakaangua kicheko.

"Ati huu ni muziki gani, bana? Si ni uchawi!" mmoja akapaza sauti.

Wajinga wale! Kusikiliza hawakutaka, kucheka waliweza. Na mimi mjinga kuwashinda wote, kwa maana hasira zangu nilimtupia Kukhu.

"Toka hapo! Unaniharibia!"

Mbele ya ukoo mzima, mwanangu. Akaikunja leso yake polepole.

"Mjukuu wangu," akasema, "hii kitu imenisikia nikikuja, ikanisalimia. Ni wewe umekataa kunisalimia."

Nilimwomba radhi, akanisamehe. Lakini hakuinuka tena na leso, harusi yoyote, mpaka tulipomzika.

Sasa Jumamosi, hapa Bungoma, nikakuona ukimkaripia mzee aliyesogea kukutazama. Ati anakuvurugia sauti! Nilitaka kukunyang'anya chombo papo hapo. Miaka yote hii nimekibeba shuleni, kanisani na harusini, nikiitwa mchawi, nikieleza mpaka koo likakauka, ili watu wakisogelee. Wewe unawafukuza!

Mtu akija, acha kinanda kilie. Msalimie. Akitaka kukufuta jasho, inamisha kichwa akufute, umshukuru, kisha uuanze wimbo upya. Ukiona huliwezi hilo, nirudishie chombo changu, ukapige ngoma chumbani kwako.

Mungu akutulizie mikono, mwanangu, na asikunyime mtu wa kuinuka kwa ajili yako.