Harusi ya Parehuia Mteremkoni

Shangazi yangu Parehuia alikuwa mpishi wa wakata manyoya ya kondoo huku Taranaki, ng'ambo ya bahari kutoka Australia, mwanamke mnene mwenye kicheko cha kushtua mbwa. Mumewe wa kwanza alipofariki, tulidhani ameshamalizana na habari za wanaume. Kumbe Ropata, mkata manyoya mpole mwenye matege, alikuwa akimpasulia kuni kila majira ya baridi. Shangazi akakubali kuolewa akiwa na miaka sitini na kitu, na akataka harusi ifungwe juu ya genge, bahari ikionekana.

Asubuhi ya siku yenyewe, kaka yake Tamihana, aliyekuja kutoka Australia, akachagua mahali pa hema. Tambarare ilikuwa moja tu, nayo imefunikwa na mmea mfupi unaotambaa kama mkeka. Juu yake nondo wadogo kama ukucha, wenye mbawa za rangi ya chungwa na mistari myeusi na myeupe, walikuwa wakirukaruka juani kama cheche.

Tamihana alipoinua nyundo, Shangazi akachomoka garini na roli za nywele kichwani, gauni la kulalia likipepea, akajitupa chini mbele yake.

"Anza kupigilia kigingi tumboni mwangu!"

"Dada, hivi si vidudu tu?"

"Vidudu? Watoto wao hawali kingine ila mmea huu. Na duniani kote wako kwetu tu. Hawa ni wenyeji kuliko wewe, uliyehamia Perth ukarudi na lafudhi ya kuazima!"

Tukacheka mpaka Tamihana mwenyewe akakaa chini. Hema likahamia mteremkoni.

Alasiri tukakiona. Nyama na viazi vitamu vilipotoka kwenye tanuri ya ardhini na kupangwa mezani, meza ikaanza safari. Bwana harusi akaizuia kwa mguu mmoja, huku amemshika bibi harusi mkono.

"Ropata, je, unamkubali—" mchungaji akaanza.

"Nakubali! Fanya haraka mchungaji, inaniponyoka!"

Hapo keki ya ute wa mayai, krimu na matunda yake, ikateleza. Tamihana akairukia, akaikumbatia akiwa ndani ya suti yake mpya. "Nimeidaka!" akapaza sauti, uso mweupe pepepe.

Shangazi alicheka hadi kwikwi ikambana. Ilipofika zamu yake kuulizwa, akawa anaitikia kwa kichwa tu, machozi yakimtoka.

"Hiyo naihesabu kuwa ndiyo," mchungaji akasema, naye mabega yakimtetema.

Kisha muziki. Kila wimbo tuliuanzia juu na kuumalizia chini kwenye uzio, tumerundikana, bibi vizee kwa watoto, halafu tunapanda tena. Mara moja maharusi walibiringika pamoja hadi mwisho. Mpiga gitaa akaacha kupiga kwa hofu.

"Mama, niendelee?"

"Wewe piga!" Shangazi akasema, akimvuta Ropata kwa mkanda wa suruali. "Mimi bado sijachoka kuanguka."