Certificat yenye Madame alikopa kwetu

Mwaka ile nilikuwa muzungu. Kila siku, toka asubui mpaka saa kumi, vumbi ya muchele ilinipaka toka kichwa mpaka kwa vidole ya muguu, juu nilikuwa nabeba magunia kwa usine, kiwanda ya muchele. Wakati nilikuwa narudia Mangobo, cité ya sisi watu weusi, watoto walinisalimia kwa barabara: bonjour, patron. Niliwajibu kama patron. Kisha nilinawa, nikarudia mweusi, na nikakimbia kwa bibliothèque kusoma vitabu mbele wafunge.

Bibliothèque ya cité ilikuwa chumba moja tu, pembeni ya kiwanja ya mupira. Makabati ine, meza moja, na kibao kwa ukuta yenye nilijua kwa kichwa: hakuna kitabu inatoka bila fiche, na mwenye hajarudisha hakopi ingine. Fiche ni karatasi kidogo. Wanaandika jina ya kitabu, jina ya mwenye anakopa, siku yenye inatoka, siku yenye itarudi, na kama iko muzima ao imepasuka. Kisha wanaisimamisha mu kabati, pa fasi ya kitabu yenyewe, ili ile shimo ikuwe na mutu wa kuilinda. Mimi nilichelewa mara moja, na kitabu ya watu wenye wanaishi mu barafu. Nilikuwa bado natafuta kujua wananawa namna gani. Nilienda kuomba ingine, Madame akanionyesha kibao na kidole. Kwanza ile ya barafu.

Huyu Madame, muzungu, alikuwa mukubwa wa vitabu. Alifanya kazi kwa bibliothèque ya wazungu, kule mu ville, na kwetu alikuja mara mbili kwa juma na gari yake kidogo. Watu walisema alisoma Bulaya miaka tatu, akapata diplome ya kupanga vitabu. Nilipeleka ile habari kwa usine. Rafiki mumoja aliweka gunia chini, akafikiri, kisha akauliza kama kwa mwaka ya tatu wanawafundisha pia kuvifungua.

Bon. Siku moja nilikuta karatasi kwa mulango. Wanatafuta mutu wa cité, mweusi, wa kushika ufunguo ya bibliothèque. Mpaka siku ile ufunguo ilikuwa inalala mu ville, kwa wazungu, na sisi tulingoja kwa jua mpaka ifike. Mwenye anataka kazi aje kupimwa kwa examen, alete certificat ya primaire. Mwenye alimaliza école moyenne, masomo yenye inafuata primaire, huyo atapita mbele. Nilisoma karatasi mara tatu, na mara ya ine nilisoma kwa sauti, juu nilitaka kusikia kama iko kweli.

Kwa usine walinicheka mpaka gunia moja ilipasuka. Walisema kazi ya vitabu haina avenir, haina mbele: kwa kompanyi ya mashua karani anapata kinga, ile baiskeli, kwa bibliothèque utapata mafua. Niliwaambia mafua ya kukaa kwa kiti iko muzuri kuliko afya ya kubeba gunia. Ile kazi niliitaka kupita kila kitu. Sikuwa na école moyenne. Nilikuwa na primaire tu, na hata ile primaire ilikuwa imefungwa mu gudron.

Nieleze hapa. Papa yangu alikuwa seremala kwa chantier ya mashua. Ni mutu wa Isangi, wa mayi ya muto, na kwa akili yake mayi inatafuta kila kitu, hata mu nyumba. Siku nilimaliza primaire, alikata ubao ya mashua ya zamani, akafanya cadre, akaweka certificat yangu ndani na kioo mbele, akaziba pembeni yote na gudron, ile lami nyeusi, kama chini ya mashua. Alisema nyumba inaweza kuzama, ile karatasi itaelea. Mugeni akija, anapewa kiti yenye inaangalia ukuta ile. Hata kama alikuja tu kuomba chumvi.

Na hakuna mutu aliruhusiwa kuitosha mule ndani. Zamani papa alikuwa na karatasi yake mwenyewe, ya patron wake wa kwanza, miaka nane ya kazi na signature chini. Bureau moja iliomba kuiangalia kidogo, ikamwambia arudi kesho. Alirudi kesho mwaka muzima. Mpaka leo hakuna mwenye anajua ilienda wapi.

Donc, wakati nilimwambia examen inaomba certificat, alimaliza kwanga yake ya muhogo, akanawa mikono. Kisha akasema tutaenda watu watatu: mimi, yeye, na cadre.

Tulipita Mangobo yote kwa miguu. Papa alivaa koti, cadre chini ya mukono, mama aliifunga na liputa, kitenge yake ya muzuri. Mama wa pondu kwa kona aliacha kukata majani ya muhogo, akatupa pole. Alifikiri tunabeba picha ya marehemu. Nilimwambia asante, marehemu alikufa anajua français.

Kwa bibliothèque tulikuwa watu saba. Mwenye wote waliogopa ni mumoja murefu, na saa kwa mukono, alimaliza école moyenne na alisema français kama redio. Diplome yake ilikuwa mu bomba ya chuma, hata mvua haiingie. Aliangalia cadre yetu, akaniuliza polepole:

"Ndugu, ile dirisha ni ya nini?"

Nilimujibu: "Wewe umeleta bomba, mimi dirisha. Tukikosa kazi, tutajenga nyumba."

Hata yeye alicheka. Dictée ilikuja, Madame anasoma français na sisi tunaandika, nikaanguka mu accents yote, zile alama juu ya herufi, kama mutu anapita mu matope. Kisha Madame alimwaga vitabu makumi tatu mbele ya kila mutu, tupange. Yule murefu alimaliza wa kwanza. Mimi nilikuwa wa pili, juu ile vitabu nilijua mpaka migongo yao. Madame alipita nyuma yangu, akabadilisha kimoja tu. Nilifurahi mpaka nikasahau kupumua.

Alors, akasimama kwa meza, akasema kila mutu aache karatasi yake ya kweli. Itaenda kwa bureau mu ville, wataichunguza siku kumi na ine. Mwenye hataacha karatasi, jina yake itakatwa kwa orodha. Wale sita walitoa zao. Bomba ilifunguka, pok. Papa aliweka mikono yote mbili juu ya kioo.

Madame alimuomba. Papa alisema hapana, kwa adabu. Madame alisema ni sheria. Papa alijibu kama hata ile mara ya kwanza ilikuwa sheria, na akamueleza karatasi yake ya miaka nane, pole pole, mbele ya watu wote. Madame alishika kalamu, akatafuta musitari yenye jina yangu iko. Niliona kalamu inashuka kwa kuikata.

Mimi sijui nani alinisukuma. Nilivuta fiche moja kwa sanduku yake, nikaandika. Kitabu: certificat ya primaire. Mwenye anakopa: Madame. Inatoka leo. Inarudi kisha siku kumi na ine. Hali: muzima, bila doa, bila tundu. Nikaisukuma mbele yake, na nikaonyesha kibao kwa ukuta na kidole, vile yeye alinionyeshaka.

Muzungu kuwekewa kidole, wakati ile, ungeweza kulala kwa cachot, mu gereza. Madame alisoma fiche, akaisoma tena. Kisha akauliza papa, si mimi:

"Na nikichelewa?"

"Hutakopa ingine, Madame," papa akasema.

Alitia signature. Ndipo papa akatosha tindo mu mufuko ya koti, juu seremala hatembeake bila tindo, akakata gudron pole pole, pembe kwa pembe, akatoa certificat kama mutu anatoa yai kwa kuku. Na pa fasi yake, nyuma ya kioo, akaweka fiche.

Siku kumi na ine ile fiche ilitundikwa kwetu, na ilipata wageni wengi kuliko certificat. Watu walitoka mpaka ngambo ya mayi kuangalia signature ya muzungu mwenye alikopa kwa mutu mweusi. Papa aliwaketisha kwa kiti ile. Mimi kwa usine nilihesabu magunia vibaya, nikawaza tu ufunguo.

Siku ya kumi na ine, saa kumi, hakuna mutu. Saa kumi na moja, hakuna. Papa aliketi mbele ya mulango na koti yake. Kisha tukasikia kelele ya watoto, na gari kidogo ikaingia mu avenue yetu, kuku zinakimbia mbele.

Madame alishuka, akatoa certificat mu bahasha. Papa aliishika kwa mwangaza, akageuza, akaangalia pembe moja, pembe ya pili, vile yeye mwenyewe Madame anaangaliaka vitabu tukirudisha. Alisimama kwa pembe ya tatu.

"Fiche inasema bila tundu," akasema. "Hapa iko mbili."

Ni pini ya bureau. Madame aliinama kuangalia. Nyuma yake avenue muzima ilikuwa imesimama, hata mama wa pondu. Uso wake ikakuwa nyekundu.

"Pardon, papa," akasema. "Ni kosa yangu."

Kwa Kisangani yote sikuwahi kusikia muzungu anaita papa yangu papa. Kwa chantier walimwita boy, na alikuwa na mvi.

Ndipo Madame akakumbuka barua yenye alileta. Yule murefu wa saa alienda kwa kompanyi ya mashua, kwenye kinga. Bureau ilitaka kutafuta mwingine wa école moyenne, lakini yeye Madame aliwaambia jina ya pili iko kwa orodha, na karatasi yake iko na siku ya kurudi. Donc nitaingia. Lakini juu ya primaire tu, nitaitwa aide, musaidizi, si commis, karani wa kweli, mushahara chini, majaribio miezi tatu. Aliniwekea ufunguo mu mukono. Ilikuwa nzito na bado na joto ya mukono yake. Niliruka, nikagonga kichwa kwa mulango, nikaruka tena.

Papa hakuniangalia. Alikuwa ametosha fiche mu cadre, anatafuta kalamu. Aliniita, akasema kazi imeanza, niandike. Basi niliketi kwa kiti ya wageni, ufunguo kwa magoti, nikaandika: imerudi siku yake, tundu mbili.

Papa alipuliza wino ikauke.

"Akiitaka tena, tutamupa," akasema. "Lakini pini abakishe kwao."