Kiindonesia cha Burhani

Mkewe Burhani, Mwindonesia, alifia hapa Guangzhou, China. Mama mkwe akaja kumchukua mtoto wao Muzdalifa, angali mdogo, akaenda kumlea kwao Semarang, Indonesia. Kiswahili kikamtoka.

Burhani akaanza kujifunza Kiindonesia. Kumpigia mtoto simu kabla hajakijua alikataa katakata: "Nikawe bubu kwa mwanangu?" Kutwa dukani kwake mtaa wa Dengfeng alikariri sentensi kwa sauti, kama mtoto wa chuo cha Kurani, na sisi majirani, wajinga wakubwa, tukimcheka.

Miaka ikapita. Siku moja akasema sasa anaweza, akapiga simu mbele yetu. Muzdalifa mwenyewe akapokea. Burhani akamsalimia, akamuuliza habari za shule, hakukwama hata mara moja. Kisha akaishusha simu.

"Amesemaje?" tukamuuliza.

Akatutafsiria taratibu: "Nzuri, mjomba. Nikuitie nani?"