Hesabu Ilivyotimia Buyangu

Mimi ni mtu wa wasiwasi. Nikitoka nyumbani Shirere narudi kuangalia kama jiko limezimwa, na nikishaangalia narudi tena kuhakikisha kwamba kweli niliangalia. Mume wangu alishanizoea. Hunisubiri tu langoni akicheza na simu yake. Kwa hiyo shule yetu ilipopanga kuwapeleka watoto wa Gredi ya Sita kuuona msitu wa Buyangu, mimi nikiwa mwalimu wao wa Kiswahili na binti yangu akiwa mmoja wao, nilianza kuorodhesha hatari zote hata kabla basi halijatafutwa.

Nilimuuliza mwalimu wa hesabu, ambaye ndiye aliyeiandaa safari, jambo moja tu. Watoto ni arobaini, msitu ni ule mnaoujua, tutajuaje kila tukisimama kwamba tuko nao wote?

Huku kwetu hilo si swali dogo, kwa sababu mtu hahesabiwi kwa kidole. Nenda bomani kwa watu uanze kuwanyooshea watoto wao kidole, huyu mmoja, huyu wa pili, uone kama utapewa chai. Nyanya yangu alikuwa akiulizwa ana wajukuu wangapi anajibu, "Wako tu," na mazungumzo yanaishia hapo. Mimi nimesoma, naenda kanisani, nacheka nikisikia mambo ya mikosi, lakini kidole changu chenyewe kinakataa. Mwaka uliotangulia mwalimu mmoja mgeni aliwahesabu watoto langoni kwa kuwagusa vichwa. Bibi mmoja aliyekuja kumchukua mjukuu wake alimfokea mbele ya watu mpaka yule mwalimu akakosa pa kuuweka uso wake. Tangu siku hiyo hakuna aliyethubutu tena.

Mwalimu wa hesabu ni kijana wa Kabras, mchangamfu, mwenye kupenda kazi yake kiasi cha kuudhi. Aliniambia nisiwe na shaka. Wiki hizo alikuwa akiwafundisha namba zinazogawanyika bila baki, na akaona hapo hapo ndipo dawa ilipo. Kila mtoto atapewa namba, kuanzia moja hadi arobaini. Hatuwahesabu watoto, akasema, tunahesabu namba, na hapo hata nyanya yako hana la kusema.

Utaratibu wake ulikuwa hivi. Kwanza aliita "Wa mbili!" na wote ambao namba zao zinagawanyika kwa mbili wakaitika mmoja baada ya mwingine: "Niko! Niko! Niko!" Hao lazima wawe ishirini. Kisha aliita wale wa tatu ambao hawajaitika. Kutoka moja hadi arobaini kuna namba kumi na tatu zinazogawanyika kwa tatu, lakini sita kati ya hizo zinagawanyika kwa mbili pia, na zilishasikika. Kwa hiyo wanabaki saba. Mwisho aliita waliobaki, wasio wa mbili wala wa tatu, nao ni kumi na tatu. Ishirini, saba, kumi na tatu: arobaini. Yeye mwenyewe alihesabu sauti tu, akiwa ameangalia juu kama mtu anayetazama ndege. Zilipotimia alinyanyua mkono, na darasa zima likapiga kelele kwa pamoja: "Arobaini!"

Watoto walichanganyikiwa kwa raha. Wiki nzima walicheza mchezo huo uwanjani, na kutwa nzima unawasikia wakijumlisha tarakimu za kila kitu, namba za magari, kurasa za vitabu, wapate kujua kama kinagawanyika kwa tatu. Binti yangu alipewa ishirini na saba na akaja nayo nyumbani akiringa. Mbili na saba ni tisa, Mama, na ishirini na saba ni tatu mara tatu mara tatu, hakuna mwingine darasani aliye na tatu nyingi kama mimi. Nikamwambia ale ugali wake uishe. Lakini siwezi kukataa, nilipoutazama mchezo ule uwanjani nilipiga makofi. Nilipumua.

Siku yenyewe binti yangu alinipa sharti moja. Nisimfuatefuate. Nikae mbele na dereva, nisigeuke geuke kumtafuta, nisimwambie mbele ya wenzake avae sweta. Ana miaka kumi na mmoja na tayari namwaibisha. Nikakubali, shingo upande.

Asubuhi ilienda vizuri. Kiongozi wa msituni, mzee mpole aliyekuwa na panga kiunoni na maneno machache mdomoni, alituonyesha mbega wakiruka, akatuonyesha mti ambao watu huchemsha magome yake kutibu kifua. Tulipanda kilima tukala viazi vitamu na njugu kule juu, msitu wote uko chini yetu. Kila tuliposimama, mwalimu wa hesabu aliita makundi yake, na kila "Arobaini!" iliposikika moyo wangu ulikaa chini kidogo. Ulikuwa ukisimama tena baadaye, lakini ulikaa.

Mvua ya Kakamega haina adabu, ila angalau ina saa zake. Siku hiyo ilituwahi. Tulikuwa tukiteremka, tumenyooka mstari mrefu kwenye njia nyembamba kando ya kijito, na ikamwagika yote kwa mara moja. Watoto wakapiga mayowe ya furaha wakakimbia kuelekea kwenye kibanda cha mabati kilicho karibu na lango. Nami nilikimbia, viatu mkononi, mtu mzima na heshima zangu. Tulipofika tulijibana humo tukiwa tumelowa chepechepe, masweta yamefunikwa kichwani, huwezi kumtambua mtoto wa nani ni yupi.

Mwalimu akaita. Mabati yalikuwa yakipiga kelele, ilibidi apaaze sauti. Wa mbili! Nikazisikia sauti, niko, niko, niko, ishirini. Wa tatu! Saba. Waliobaki! Kumi na tatu. Akanyanyua mkono, na watoto, kwa vile mvua iliwafanya wehu, wakapaza sauti kuliko siku zote: "Arobaini!" Tukakimbilia basi, tukaagana na yule mzee kwa mbali, dereva akaondoka.

Sasa mimi nimeketi mbele kama nilivyoahidi. Vioo vimejaa ukungu, nyuma wanaimba. Nikasikiliza wimbo. Binti yangu ana sauti nzito isiyofanana na umbo lake, na akiimba huwa haishiki kabisa sauti ya wenzake, unamsikia tu pembeni akienda njia yake. Nilisikiliza, nikasikiliza, sikumsikia. Nikajiambia amechoka. Nikajiambia amenuna. Nikajiambia umeahidi, mama wewe, kaa chini. Basi likaingia kwenye shimo, likatoka. Nikainuka.

Nilipita katikati ya viti nikifunua masweta vichwani. Huyu siye. Huyu siye. Wengine walicheka, wakidhani ni mchezo. Nilifika kiti cha mwisho nikageuka nikarudi nikiwafunua tena, wale wale.

Mwalimu wa hesabu alisimama akanishika mkono. Alikuwa akitabasamu, maskini, tabasamu la kumtuliza mtu anayejulikana kwa wasiwasi wake.

"Madamu, wametimia. Umesikia mwenyewe, arobaini."

"Hesabu yako imetimia," nikamwambia. "Mtoto wangu hayuko."

Akaniangalia. Sijui aliona nini usoni mwangu, lakini tabasamu lilitoka. Akamwambia dereva asimame. Akawaomba wale wote walioitika kwenye zamu ya wa tatu wasimame na kila mmoja ataje namba yake. Tatu. Tisa. Kumi na tano. Ishirini na moja. Thelathini na tatu. Thelathini na tisa. Na katoto ka kike kenye miwani, kamesimama nyuma, kakasema kwa sauti ndogo: kumi na nane.

Kumi na nane inagawanyika kwa mbili. Alikuwa ameshaitika na wa mbili.

Mtoto huyo alikuwa mgonjwa wa malaria wiki ya mazoezi, hakujua kwamba wa sita, kumi na mbili, kumi na nane na wenzao hukaa kimya mara ya pili. Kutwa nzima mwalimu alikuwa akisema kwa ukamilifu, wa tatu ambao hawajaitika, naye akatii. Kule kwenye mabati, kwa haraka ya mvua, mwalimu alisema "Wa tatu!" basi. Wenzake walijua. Yeye alifuata alichoambiwa. Alianza kulia, akawa anaeleza huku analia kwamba moja na nane ni tisa, na tisa inagawanyika kwa tatu. Mwalimu alimwambia ni kweli, hana kosa, akae.

Nilimtukana. Nitasema tu ukweli, nilimwambia yule kijana maneno ambayo mwalimu wa Kiswahili anajua mengi kuliko walimu wengine, mbele ya watoto wote. Barabara ilikuwa tope na nyembamba, basi lisingeweza kugeuka, kwa hiyo alifungua mlango akaruka, nami nikaruka nyuma yake. Dereva akabaki na watoto.

Tulikimbia kurudi langoni. Mvua ilikuwa imepungua, lakini chini ya miti mikubwa mwanga ulikuwa unaisha mapema kuliko nje. Yule mzee alituona akashika panga lake bila kuuliza mengi, akatangulia. Mimi nilikuwa nikiita jina la mtoto wangu, na kila nikiita nilisikia kijito tu. Kijito kilikuwa kimejaa. Asubuhi kilikuwa maji ya kulowesha vifundo, sasa kilikuwa rangi ya chai ya maziwa na kinanguruma. Sikutaka kukitazama, na sikuweza kuacha kukitazama. Nilimwambia Mungu mambo ya kipuuzi. Nilimwambia sitamlazimisha tena kuvaa sweta. Nilimwambia amchukue yeyote mwingine, halafu nikaogopa nilichokisema nikaomba msamaha, yote hayo huku nakimbia na kuteleza.

Mzee ndiye aliyemwona. Alisimama ghafla akaelekeza panga chini ya njia, mahali ukingo ulipomeguka. Binti yangu alikuwa ameketi juu ya mzizi, karibu na maji, lakini si ndani ya maji. Mguu mmoja ulikuwa umevimba, mikono imewashwa na upupu, meno yanagongana. Alituona na hakusema neno. Hakulia hata. Alitutazama tu, kama watu aliokuwa ameshaacha kuwatarajia.

Nilishuka kwa makalio. Nilimpapasa kichwa, shingo, mikono, nikampapasa tena. Mwalimu wa hesabu alitaka kumbeba, nikamwambia asimguse. Mtoto wa miaka kumi na mmoja ni mzigo, na mimi si mwembamba wala si kijana, lakini nilimweka mgongoni mwangu kama alipokuwa mdogo, mzee akinivuta mkono na mwalimu akinisukuma kutoka nyuma, tukapanda mpaka njiani. Hapo nilianza kulia kwa sauti na sikuona aibu.

Tukiwa njiani akaniuliza kwa sauti ndogo sikioni ni nani aliyeitika mahali pake. Nikamwambia. Nikajua anajumlisha tarakimu, namfahamu.

"Lakini huyo hakukosea, Mama," akasema.

Nilimwambia leo asinitajie hesabu. Nyuma yangu nilisikia mwalimu akipenga kamasi. Tulitembea kidogo, kisha nikauliza kile nilichokuwa nikiogopa kuuliza, kwamba alipoanguka, mbona hakuita.

Akasema aliita. Ukingo ulimeguka akiwa wa mwisho kwenye mstari, akaanguka, na alipojaribu kusimama mguu ukakataa. Mabati hayakuwa mbali sana na pale. Alitusikia tukianza kuitana, akaitika kwa nguvu zake zote, niko, niko, bila hata kungoja zamu ya kundi lake.

"Halafu nikasikia mmesema arobaini," akasema. "Nikaacha kuita."